Ukungu Haugongi Mtu

Kuna sentensi moja ambayo nimeiandika mara nyingi sana katika kazi yangu: "Chanzo cha ajali hiyo kinaelezwa kuwa ni ukungu mzito uliokuwa umetanda barabarani." Mimi ni mwandishi wa habari Mbeya, mwaka wa kumi na moja sasa, na kama unafuatilia habari za Nyanda za Juu Kusini lazima umeshakutana nayo, kama si kwangu basi kwa mwenzangu. Ni sentensi rahisi. Haimgusi mtu. Dereva hayumo, mwendo haumo, breki hazimo. Hata anayeeleza hayumo, "kinaelezwa", basi. Unaituma, mhariri hana swali, unakwenda kula.

Mwezi wa sita mwaka jana nusura niingie mwenyewe kwenye sentensi hiyo.

Nilikuwa nimemfuata Mama Tukuyu. Alikuwa amefanyiwa upasuaji wa mtoto wa jicho, jicho la kulia, na asubuhi ile alitakiwa kwa daktari Mbeya saa mbili. Kutoka Tukuyu hadi Mbeya ni kama kilomita 70, njia ya kupanda. Tuliondoka saa kumi na moja alfajiri na gari alilotuachia marehemu Baba, Toyota Corolla ya mwaka 1998, namba A, ile ambayo vijana wa ofisini huniuliza kama inatumia mafuta au kuni. Hadi Kiwira barabara ilikuwa safi. Tulipoanza kupanda kuelekea Isongole, ukungu ukashuka. Kama hujawahi kupita kule, Isongole iko juu, pembeni ya Mlima Rungwe, na kuna asubuhi huwezi kusema kama ni mvua, ukungu au wingu lenyewe limekaa barabarani.

Nikafanya kile ambacho kila mtu hufanya. Nikawasha fulu. Mbele yangu pakawa peupe kabisa, kama mtu kanitundikia shuka kwenye kioo. Nikarudisha dimu, ikawa afadhali kidogo, nikaendelea. Mshale ulikuwa kwenye 50. Nasema 50 kwa sababu ndiyo iliyoandikwa kwenye bango la kijiji. Kikomo cha mwendo sikuwa nimekivuka.

Kisha pakatokea gunia. Sikuona mtu wala baiskeli, niliona gunia la viazi limesimama hewani. Nikakanyaga breki, gari likateleza, bampa likagusa gunia, gunia likaanguka. Mtu aliyekuwa anaisukuma baiskeli alikuwa ameruka pembeni. Viazi vikatawanyika lami nzima.

Nilishuka miguu ikitetemeka. Nikaanza kuomba msamaha kabla sijamwona vizuri usoni. Alikuwa kijana, ana koti la mvua la njano lililochanika begani. Hakunitukana, na nilitamani anitukane. Alisema tu, "Dada, mimi nilikuona toka mbali. Wewe ndo hukuniona." Tukaokota viazi sote wawili, halafu Mama naye akashuka, na jicho lake lenye dawa, akawa anapapasa majanini anaokota. Nilimlipa yule kijana viazi vilivyopasuka na pedali iliyopinda. Akafunga gunia lake akaondoka, na baada ya hatua sita au saba akawa hayupo tena.

Ndani ya gari Mama alikaa kimya mpaka karibu na Uyole. Kisha akaniuliza, kwa sauti yake ya kawaida kabisa:

"Kama ulikuwa huoni, ulikuwa unakimbilia nini?"

Sikuwa na jibu. Nikasema taa za gari hili ni mbovu.

Na kweli zilikuwa mbovu kiasi. Kioo cha plastiki cha taa kubwa kilikuwa kimefubaa, kimekuwa cha njano kama meno ya mvuta sigara. Lakini nadhani nilikuwa natafuta pa kuutupia mzigo. Jumamosi iliyofuata nikaenda kwenye maduka ya spea ya Mwanjelwa kununua taa za ukungu, nikiamini kwamba nikipata taa kali nitakuwa nimelimaliza lile swali la Mama.

Dukani kijana aliniwekea mezani taa ndefu ya LED, vijitaa vingi vimepangwa kama meno ya chanuo. "Dada, hii inamulika mpaka Malawi." Akaiwasha kwenye betri, nikafumba macho. Bei elfu thelathini na tano. Nikauliza kama inafaa kwenye ukungu. "Inapasua ukungu kama kisu." Nilikuwa nimeshatoa pochi. Kilichoniokoa ni kwamba sikujua nitaifunga wapi, nikampigia simu fundi aliyekuwa anashughulika na gari hili tangu enzi za Baba.

"Shikamoo, Fundi."

"Marahaba, mwanangu. Umenunua?"

"Bado."

"Usinunue. Njoo kwanza."

Fundi ni mzee wa miaka sitini na kitu, fundi umeme wa magari, na maongezi yake ni mafupi kama waya anazokata. Sikumaliza hata kumweleza. Aliniambia, jioni ukiwa kwenu na ukungu ukashuka, chukua tochi ya simu. Iweke usawa wa macho, angalia mbele. Kisha ishushe mpaka usawa wa goti, angalia tena. Ndipo uje tuongee.

Nilifanya hivyo wiki ile ile uani kwetu Tukuyu, Mama akinishangaa kutoka mlangoni. Na wewe unayesoma, kama unaishi penye ukungu, jaribu. Tochi ikiwa usawa wa macho, unaona mwanga wenyewe tu, weupe mtupu. Ukiishusha gotini, ule weupe unabaki chini, na juu yake unaanza kuona ardhi, jiwe, ukingo wa mfereji. Simu ni ile ile na mwanga ni ule ule. Umebadilisha mahali ulipotokea tu.

Maelezo yake hayana uchawi. Ukungu ni matone ya maji, mengi yakiwa na upana wa maikromita 10 hadi 20 hivi. Mwanga ukiyapiga unatawanyika, na sehemu yake inarudi kule ulikotoka. Ukiwasha fulu, unarusha mwanga mwingi juu na mbele, usawa ule ule unaoangalia, halafu unarudishiwa mwenyewe machoni. Taa ya ukungu hutengenezwa kinyume cha fulu. Hukaa chini, kwenye bampa, chini ya taa kubwa. Mwanga wake ni mpana kushoto na kulia, lakini kwa juu umekatwa kama kwa rula, ili usipande. Haikusudiwi kufika mbali. Kazi yake ni kukuonyesha ukingo wa lami na mita chache za mbele. Ile taa ya Mwanjelwa ilikuwa ya kumulika mbali usiku mkavu. Kwenye ukungu ingenijengea ukuta mweupe zaidi, kwa elfu thelathini na tano zangu mwenyewe.

Hapo ndipo nilipoelewa pia maneno ya yule kijana wa viazi. Mwanga wa taa zangu ulipita kwenye ukungu mara moja tu kumfikia yeye. Ili mimi nimwone, ulipaswa kwenda mpaka kwake, kisha urudi kwangu kupitia ukungu ule ule. Yeye alikuwa na safari moja, mimi nilikuwa na mbili. Ndiyo maana aliniona toka mbali na mimi nikaona gunia likiwa limeshafika.

Nilirudi kwa Fundi na swali la rangi, maana kila mtu niliyemuuliza aliniambia njano ndiyo inayopenya. Ni imani ya zamani, na ina historia yake: Ufaransa kwa miongo kadhaa, hadi 1993, magari yake yalitakiwa kuwa na taa kubwa za njano. Lakini matone ya ukungu, ingawa kwetu ni madogo, kwa mwanga ni makubwa sana, zaidi ya mara kumi ya urefu wa wimbi lake. Yakiwa makubwa hivyo yanautawanya mwanga wa njano karibu sawa na wa bluu. Njano haina njia yake ya siri. Faida yake, kwa macho ya baadhi yetu, ni kwamba haichomi kama ule weupe wenye ubuluu. Nikachagua njano kwa sababu hiyo tu, na Fundi hakubisha. Tulipata jozi iliyotumika, ya kioo halisi, na globu za H3 za wati 55. Elfu hamsini baada ya kupatana.

Siku ya kufunga nilikaa kwenye kigoda pale gereji tangu asubuhi. Bampa la gari letu lina vifuniko viwili vyeusi vya plastiki, kushoto na kulia, ambavyo miaka yote nilidhani ni mapambo. Fundi alivibandua kwa bisibisi. Nyuma yake kulikuwa na matundu ya skrubu, tayari, pamoja na kutu na kiota kilichokauka cha nyigu. Kisha akaingia chini ya dashibodi, akakaa huko muda mrefu, akatoka na swali.

"Hii swichi ya kushoto kwa usukani, inafanya nini?"

"Haifanyi kitu. Imekufa toka niko shule."

"Haijakufa. Waya wake unakwenda mbele mpaka kwenye bampa. Umekatwa."

Nikampigia Mama. Akacheka. Kumbe gari lilikuwa na taa za ukungu. Baba alizifunga mwaka aliolinunua, 2005, na hazikumaliza mwaka, zikaibwa gari likiwa limeegeshwa mjini. Wezi walikata waya kwa koleo. "Baba yako akasema hanunui tena. Akawa akikuta ukungu, anasubiri."

Hilo la kusubiri nalikumbuka vizuri kuliko ningependa. Nilisoma bweni, na siku za kufungua shule Baba ndiye alinipeleka. Tukifika Isongole ukungu ukiwa mzito aliegesha nje kabisa ya lami, akazima gari, akaagiza chai na viazi vya kuchemsha kwa mama mmoja pale barabarani. Tunakaa. Mabasi yanapita yakipiga honi. Nusu saa, saa nzima. Nilikuwa nafika shule wenzangu wamesharipoti na mwalimu wa zamu anauliza kwa nini mtoto wa mwalimu ndiye anachelewa. Nilimwona Baba ni mwoga. Siku moja, nikiwa kidato cha tatu, nilimwambia hivyo kwa maneno yangu mwenyewe, kwamba madereva wengine hawaogopi. Hakunijibu. Alisukuma bakuli la viazi upande wangu.

Nilikaa pale gereji nikiiangalia ile swichi. Fundi hakuniuliza kitu, akaendelea na kazi.

Nimuulize kwanini hatutumii waya ule ule wa zamani? Nikamuuliza. Akanionyesha kipande: ganda lake lilivunjika vidoleni kama ganda la karanga. Halafu akanipigia hesabu kwenye kipande cha boksi. Wati 55 kwa volti 12 ni kama ampia nne na nusu. Taa mbili, ampia tisa na kidogo. Ukiupitisha umeme wote huo kwenye swichi ndogo na waya mwembamba wa mwaka 1998, swichi inapata moto, ganda linayeyuka, na siku moja unanusa harufu ukiwa njiani. Mafundi wengi hufanya hivyo, wanadandia waya wa taa kubwa, wanafunga tepu, unalipa unaondoka unafurahi. Magari ya zamani yanayoungua kuanzia kwenye boneti, alisema, usiyaulize sana.

Kwa hiyo alifunga rilei. Rilei ni kijisanduku chenye miguu iliyoandikwa namba. Umeme mkubwa unatoka kwenye betri, unapita kwenye fyuzi ya ampia 15 iliyowekwa karibu kabisa na betri, unaingia mguu wa 30, na kutoka mguu wa 87 unakwenda kwenye taa kwa waya mpya mnene. Miguu ya 85 na 86 inabeba umeme mdogo tu wa kuiamsha rilei, na huo ndio unaopita kwenye swichi. Aliuchukua huo umeme mdogo kwenye taa ndogo za kuegeshea, ili nikizima taa za gari, za ukungu nazo zizimike hata nikisahau. Mwisho ethi: alikwangua rangi na kutu mpaka chuma kikang'aa, ndipo akakaza boliti. "Taa hafifu," alisema, "mara nyingi ni ethi mbovu. Watu wanabadilisha globu bure."

Swichi ya Baba hakuibadilisha. Aliifungua, akaisafisha kwa petroli na mswaki, akairudisha. Nilipoibonyeza mara ya kwanza rilei ikalia *ta* kule mbele, na ukuta wa gereji ukawa wa njano kwa chini.

Bado haikuwa mwisho. Alisogeza gari nyuma, akapima hatua nane kutoka ukutani, akachora kwa chaki mstari ulio sawa na kimo cha taa kutoka chini. Akalegeza na kukaza, akalegeza na kukaza, mpaka ukingo wa juu wa mwanga ukawa chini ya mstari kwa upana wa kiganja. "Ukipanda juu ya hapa," akasema, "umerudi kwenye fulu."

Nilikutana na ukungu tena baada ya wiki mbili, usiku, narudi Mbeya peke yangu. Nikazima fulu, nikabaki na dimu, nikabonyeza swichi. Nitakuwa mkweli kwako: nilivunjika moyo. Nilitegemea ukungu ufunguke. Haukufunguka. Mbele palikuwa peupe vile vile. Kilichobadilika ni kwamba chini, kushoto, niliona ukingo wa lami na majani yaliyolowa, na kulia kidogo niliona lami yenyewe, kama mita 12, labda 15 kwa kubahatisha. Basi. Hizo ndizo nilizonunua.

Nikaanza hesabu pale pale kwenye usukani. Gari likiwa kwenye 50 linakwenda karibu mita 14 kila sekunde. Mpaka ubongo uone, mguu uhame, breki zishike kwenye lami iliyolowa, umeshatumia kama mita 40. Mimi naona 15. Ili nisimame ndani ya kile ninachokiona, natakiwa kuwa kwenye 20 hivi, au chini yake. Taa zote za Mwanjelwa haziwezi kuibadilisha hesabu hiyo. Asubuhi ile ya gunia nilikuwa na mita 40 za kusimama na labda 10 za kuona. Ile tofauti ya mita 30 nilikuwa nimeijaza kwa kuamini kwamba hakuna mtu. Ndivyo ningemjibu Mama, kama ningekuwa mkweli: nilikuwa nakimbilia mahali ambapo nimeshaamua hapana mtu. Na mtu alikuwepo, na gunia lake.

Nikashusha mpaka 20. Lori likanipita likipiga honi ndefu. Nilisikia aibu ile ile ya kidato cha tatu, ila safari hii nilikuwa nimekaa upande wa Baba.

Mwezi uliopita niliandika tena habari ya ajali, magari mawili, alfajiri, majeruhi wanne, wote wazima namshukuru Mungu. Taarifa niliyopewa ilisema ni ukungu. Nikauliza: walikuwa kwenye mwendo gani? Hakuna aliyejua, na swali lilionekana la kisumbufu. Sikuweza kuandika nisichokijua. Kwa hiyo badala ya "kutokana na ukungu" nikaandika "wakati wa ukungu". Mhariri akarudisha "kutokana na". Nikampigia. Akasema, dada, tofauti iko wapi, wasomaji wanaelewa. Nikamwambia tofauti ni kwamba "kutokana na" inamtaja aliyefanya, na mimi sijui aliyefanya, ninajua tu ukungu ulikuwepo. Ukungu haugongi mtu. Tulibishana dakika kumi kwa ajili ya maneno mawili, ikapita "wakati wa". Sidhani kama kuna msomaji aliyeona.

Mama sasa ameshafanyiwa na jicho la pili. Safari ya mwisho kwa daktari, Isongole kulikuwa kumefunga kabisa, hata za njano hazikunionyesha ukingo. Nikatoka nje ya lami, nikaegesha, tukaagiza chai. Tulichelewa kwa daktari dakika arobaini na tukakaripiwa kidogo.

Ukifunga za kwako, kumbuka na hili ambalo Fundi alinisisitizia wakati ananirudishia chenji: ukitoka kwenye ukungu, zizime. Wanaokuja mbele yako nao wana macho.